Balozi wa Iwabo

Ukitembea naye Benaco, pale kwenye mteremko ambao sasa ni majani na mihogo ya watu, ungepata tabu. Alikuwa hakati njia. Anapinda kushoto, anakwenda hatua chache, anapinda kulia, anasimama, anainama kama anayepita chini ya kamba ya nguo, kisha anaendelea. Siku ya kwanza nilimcheka. Nikakata moja kwa moja kuelekea barabarani kwenye malori, naye akapiga kelele mpaka wachunga mbuzi wakageuka: "We binti! Hapo ni mlangoni kwa watu!" Hapakuwa na mlango wala watu. Kambi ya wakimbizi ilikuwa imeondoka tangu mimi sijavunja ungo, mahema yakaenda na wenyewe, lakini yeye alizikumbuka njia zake zote na hakutaka kumkanyagia mtu jiko. Nilirudi nikapita alikopita yeye. Haki ya Mungu nilijiona mjinga, na hadi leo nikifika pale nazunguka.

Sisi watu wa Mugoma tulimwita Balozi. Si balozi wa nyumba kumi. Huyo tulikuwa naye mwingine, mlevi mwenye roho nzuri. Huyu wetu alikuwa balozi wa nchi aliyoichora mwenyewe. Nchi hiyo iliitwa Iwabo, neno ambalo kwa lugha ya nyumbani ni "kwao" tu, kwao fulani. Alikuja na watu wa kambi, akabaki kambi ilipofungwa, akapata kibanda kwa mjane mmoja, jirani yetu wa chini, aliyehitaji mtu wa kumpalilia migomba. Alikotoka alisema ni ng'ambo ya mto, basi. Ukimuuliza mto upi, anakuuliza wewe unaijua mito mingapi.

Alichora kwenye karatasi za mifuko ya saruji. Aliibandua mifuko tabaka kwa tabaka, akatupa la nje lenye vumbi, akalainisha la katikati kwa chupa ya maji ya moto. Milima aliipaka udongo wetu mwekundu uliochanganywa na maji ya ugali. Mito aliichora kwa kalamu ya bluu ya shule, na akikosa ya bluu, mito ya mwaka huo ilikuwa ya kijani, na wewe usimuulize. Karatasi aliziunganisha kwa uji mzito, na nchi ikikunjuliwa ilijaza uwanja wa mjane mzima, kuku wakafukuzwa. Kulikuwa na masoko, vivuko, njia za ng'ombe, na juu ya kila mlima vinyumba vidogo vya mraba. Kila kinyumba kilikuwa na mwenyewe.

Hao wenyewe ndio jambo. Katika Iwabo hakukaa mtu aliyezikwa, wala mtu ambaye jamaa zake walijua aliko. "Wafu wana kwao," alituambia, "na wazima wana kwao. Iwabo ni ya wale ambao hakuna anayejua." Na ule mwaka wa kambi uliacha wengi ambao hakuna anayejua, wa kwao na wa kwetu. Watu walikuja kwake, wengine kutoka Kanazi kwa miguu, wengine wakiona aibu na kujifanya wamepita tu kuomba maji. Alikaa nao kwenye kigoda akawahoji kama mshenga. Mtu wako anapenda mlimani au bondeni? Anaogopa ng'ombe? Anagombana na watu? Mgomvi hakuwekwa karibu na kisima. Mtoto hakuwekwa peke yake hata siku moja. Alitafutiwa mji wenye mama na moto. Niliwahi kuona mwanamke mzima akibishana naye kwa machozi kwamba mumewe asikae karibu na kilabu cha pombe, na Balozi akamjibu, kwa sauti ya serikali, kwamba raia ameomba mwenyewe.

Ubalozi wake sasa. Alikuwa na koti jeusi, mikono mifupi kidogo kwake, na tai aliyoifunga vibaya. Siku akilivaa, watoto walipita wakipaza sauti, "Balozi anasafiri!" Aliteremka kuelekea mto Ruvubu, akakaa huko siku moja au mbili, akarudi suruali ina matope mpaka magotini. Halafu alizunguka nyumba kwa nyumba akitoa salamu za Iwabo. Hakuchukua hela. Ukimpa ndizi alikula, ukimpa chumvi aliificha, maana kwa chumvi alikuwa bahili kupita kiasi. Ungeweza kumwazima jembe, ungeweza kumwazima koti, chumvi akakwambia imeisha huku imemjaa kwenye kibuyu.

Na jamani, mchora ramani huyu alipotea! Tulimpeleka Biharamulo mara moja kwenye harusi ya binamu yangu, akatoka kununua kiberiti, akaonekana jioni yuko stendi, anamfokea kondakta kwamba mji umejengwa bila adabu. Mbwa aliwaogopa hata wale wa kufungwa. Bao alicheza kwa wizi wa wazi, na akikamatwa anacheka mpaka anakohoa. Alitamka herufi zake kwa namna yake, "karibu kura," na sisi tulimwigiza mbele yake, akatukaribisha "kura" tena kwa makusudi. Nasema haya ili mtu asidhani alikuwa nabii. Alikuwa mzee wa kawaida mwenye kichwa kigumu.

Ugomvi wa mipaka aliletewa kabla ya kufika kwa mtendaji. Njia yake ilikuwa moja. Alimchukua huyu akamsimamisha uani kwa yule, yule akamsimamisha uani kwa huyu, akawaambia, "Haya, kila mtu aseme anachokiona." Siyo chake, anachokiona akiwa kwa mwenzake. Wawili wa kule Kanazi waligombea safu ya minyaa mpaka wakatoana damu. Aliwasimamisha hivyo tangu umande mpaka jua la utosi, wanapokezana kusema. Mmoja mwishoni akasema, "Kumbe kutoka huku choo chetu kinatazama jikoni kwao." Ugomvi wenyewe ulikuwa choo. Kilihamishwa, minyaa ikabaki ilipo.

Lakini kuichora hiyo minyaa, hapana. Kitu cha kweli hakukichora, hata njia ya kwenda zahanati. Wapimaji walipokuja kupanga matumizi ya ardhi ya kijiji, mwenyekiti akawaambia tuna mtaalamu, wakamfuata na karatasi nyeupe nzuri na kalamu za rangi ambazo angeziota. Alizitazama zile kalamu kwa uchu. Kisha akasema anakwenda kujisaidia, na hakuonekana mpaka wapimaji wamemaliza kazi na kuondoka. Tulisema ameona aibu kwa sababu ni mgeni. Tulisema mengi.

Sasa niseme la kwetu. Kaka yangu, kifungua mimba wa Mama, aliitwa Deo. Alikuwa mrefu, kijana wa kwanza nyumbani kuota ndevu, na ule mwaka alikuwa anapakia mikungu ya ndizi kwenye baiskeli na kwenda kuuza kambini, kama vijana wote. Asubuhi moja alikwenda, na hakurudi yeye wala baiskeli. Baba alimtafuta mpaka viatu vikaisha. Wapo waliosema ni kipindupindu, alitupwa shimoni pamoja na wengine. Wapo waliosema alidandia lori. Mmoja alisema Deo alimpenda msichana wa kambini, watu walipoondoka akaondoka naye. Kila neno lilimjeruhi Mama upya, na Mama aliendelea kuitwa Mama Deo na kila aliyepita njiani.

Kwetu mtu akipotea na mwili usipatikane, watu husubiri mpaka kusubiri kuwachoshe. Halafu hukata mgomba, huuvika shuka, huuchimbia kaburi, na huuzika kwa kilio kamili, na katekista huja ingawa hapendi. Watu hunyoa nywele, msiba unaisha. Baba alifariki akitaka Deo azikwe hivyo. Mama alikataa. Alikataa kwa sababu alikuwa amekwenda kwa Balozi, na Balozi alikuwa amempa Deo kinyumba kwenye mlima wenye upepo, na kila mara koti jeusi lilipopanda kutoka mtoni lilianzia mlangoni kwetu.

"Mama Deo, kijana anakusalimu."

"Marahaba. Hajambo?"

"Hajambo kiasi. Jino linamsumbua."

"La nyuma? Mwambie aache miwa. Tangu mdogo nilimwambia."

"Nimemwambia. Mahindi yamekataa mwaka huu, amepanda mtama."

Hakuleta heri tupu, ndiyo maana Mama alimwamini. Deo alioa, akakosana na mkewe, wakapatana. Alifiwa na mbuzi. Miaka ilivyokwenda Balozi akaleta habari kwamba Deo anaota mvi, na Mama akacheka, akajipiga viganja magotini, "Kama babu yake! Ukoo huu unazeeka kichwani kwanza." Nilikuwa jikoni nikisikia. Nilikuwa na kaka asiyekuwepo anayezeeka kwenye karatasi ya saruji, na nilimjua kuliko kaka zangu waliokuwa wanakuja Krismasi.

Baba mdogo alimchukia Balozi kabisa. Yeye ndiye aliyebaki mkubwa wa ukoo baada ya Baba, mkulima wa kahawa, mkali, mtu wa haki. "Anamfuga shemeji yangu kwa uongo," alisema. "Mtu anakufa mara moja. Huyu wetu anakufa kila siku kwa kutokufa." Hakuwahi kumwamkia. Wakikutana njiani, mmoja alikwenda pembeni kama anatafuta kuni.

Iwabo ikaanza kupungua. Simu zilipoenea, wengine walipatikana, mmoja yuko Kigoma ana wajukuu, mwingine Malawi huko. Wengine jamaa zao walichoka, wakazika mgomba. Kila mara Balozi aliitwa, na mbele ya wenyewe akachukua wembe na kukikwangua kile kinyumba taratibu, karatasi isitoboke. Mjane alipofariki, wanawe wakauza kile kibanda, naye akahamia Benaco, chumba cha nyuma ya mziba pancha, karibu na malori. Salamu zikawa chache. Mama alikaa akitazama njia ya mtoni.

Kisha Mama akaugua. Mimi nilikuwa Biharamulo kwenye cherehani yangu, nikaitwa. Hospitali wakatwambia tumrudishe nyumbani tumtunze, na sisi tukaelewa. Baba mdogo akanikalisha chini ya paa la kuanikia kahawa, akasema kwa upole ambao sikuuzoea: "Mwanangu, mama yako akitangulia, Deo hatakuwa na wa kumlilia. Sisi tutalia, lakini si kilio cha mama. Mtoto azikwe mama angali na macho." Nikaenda kwa Mama. Akasema, "Balozi hajasema." Nikamwambia Balozi ni mzee tu anayechora. Akageukia ukuta. "Hajasema."

Nikapanda gari kwenda Benaco.

Nilimkuta amekaa kwenye tairi bovu, amekonda, macho yana ukungu. Nikamwamkia.

"Shikamoo Mzee."

"Marahaba mwanangu. Mama?"

Nilimweleza yote. Kisha nikamuuliza, maana sikuwa na subira tena: "Mzee, Deo alikufa?"

"Sijui."

"Mambo yote hayo ya jino na mtama!"

"Nakwenda mtoni nakaa," alisema. "Najiuliza, kama yupo, leo angekuwa anafanya nini. Nafikiri mpaka niamini. Halafu ndiyo napanda." Alikuna goti. "Sikumdanganya mama yako hata siku moja kwamba nimemshika kijana mkono."

Nilitaka kukasirika na hasira ikagoma. Nikamwomba akamwambie Mama amwachilie. Malori yakapita. Kisha akaniambia jambo ambalo hatukuwahi kulisikia, akiangalia tairi, si mimi. Kabla ya vita alikuwa karani wa upimaji. Alikuwa ameuchora mlima wao, nyumba kwa nyumba, na jina la kila mwenye nyumba. Kazi ilikuwa safi, mkubwa wake akaibandika ofisini watu waione. "Siku ilipofika," alisema, "walioibandua hawakuhitaji kumuuliza mtu njia."

Nikauliza, Mungu anisamehe, kama nyumba yake ilikuwamo.

"Ndiyo niliyoanza nayo. Ili nipate kipimo."

Yeye siku hiyo alikuwa kazini, mlima mwingine. Hakurudi, kwa sababu barabara ilikuwa imejaa, na watu walimsukuma mpaka mtoni. Hakuwaona watu wake kwa macho. Hakuna aliyemwambia waliko. "Iwabo hii sasa," alisema, "wamebaki Deo na watu wangu. Deo akitoka, wanabaki peke yao kule." Niliona kwamba namwomba kitu kikubwa kuliko nilivyodhani, na nikamwomba hivyo hivyo, kwa sababu mama ni mama yangu.

Alikuja siku ya pili asubuhi, na koti, na tai iliyofungwa vibaya. Mama tulikuwa tumemtoa uani kwenye mkeka apate jua. Baba mdogo alikuwa amesimama penye kahawa, mikono nyuma.

"Hodi."

"Karibu Balozi. Kaa."

"Leo sikai, Mama Deo."

Mama akamtazama koti, akamtazama miguu. Suruali ilikuwa safi. "Hukupita mtoni," alisema.

"Nimepita barabara kubwa. Nimetumwa. Nilifika kwa Deo, nyumba imefungwa. Nikauliza majirani. Wakasema ameondoka, pale hatarudi tena. Wakasema nikwambie umzike."

Mama akauliza, "Alikuwa na mtu?"

"Majirani walikuwepo."

"Alikula?"

"Alikula, Mama Deo. Aliomba miwa."

Na Mama akalia. Sijui niseme vipi. Mwili ule uliokuwa hauwezi kugeuka kitandani ulitoa sauti iliyoleta watu kutoka mlima wa pili. Alimwita kwa majina ya utoto, alimgombeza kwa baiskeli, alimwomba msamaha kwa kumtuma kambini. Nami nililia, kumbe nilikuwa na machozi ya miaka yote. Wanawake walimshika Mama, na Mama hakutaka kushikwa.

Wanaume wakachimba. Baba mdogo akaingia mwenyewe shambani akachagua mgomba mrefu, mnene, kwa kuwa Deo alikuwa mrefu. Tukauvika shuka nililolishona usiku wa kuamkia siku hiyo. Katekista akasali kwa haraka kidogo. Mama aliomba abebwe mpaka ukingoni, akamwaga udongo wa kwanza kwa mkono wake, akasema, "Lala sasa, mwanangu, umechoka." Uso wake ulikuwa umelegea, ni uso niliokuwa nimeusahau.

Watu wakaenda kunawa. Balozi hakwenda. Alikuwa ameitoa karatasi yake kotini na kukikwangua kinyumba cha Deo, nikaona wembe bado uko mkononi, naye amesimama penye udongo mbichi hajui pa kuelekea. Kisha akamwendea Baba mdogo, ambaye alikuwa anafuta panga kwa jani.

"Mdogo wangu," alisema, "naomba migomba."

Baba mdogo akadhani hakusikia vizuri. "Ndizi?"

"Migomba."

Baba mdogo akaacha kufuta panga. Nilimwona anaelewa, ilimshuka usoni polepole. "Wangapi, kaka?" aliuliza.

Balozi hakutaja idadi. Aliingia shambani mwetu, na Baba mdogo akamfuata nyuma na panga. Akapita katikati ya migomba akiipapasa, maana macho hayakuwa mazuri, mpaka akaupata mmoja mnene, wenye kukaa imara. Akauwekea mkono. "Huyu mama yao," alisema. Akatembea tena. Akaushika mwingine, unaomfika kifuani, akataja jina la mvulana. Akaushika wa kiunoni, akataja jina la msichana, na akalirudia. Kila alipotaja, Baba mdogo aliitika "ndiyo," akakata, akaulaza chini kwa mikono miwili.

Mwisho akachuchumaa kwenye chipukizi lililotoka ardhini juzi tu, majani bado yamejikunja. Akaliwekea kiganja juu. Tulisubiri jina.

"Huyu tulikuwa hatujampa," alisema.

Baba mdogo akaweka panga chini, akapiga magoti, akaanza kulichimbua kwa vidole.